Somoe, Jina Lenye Kazi

HAMISI: Karibu msikilizaji, popote ulipo, iwe Mikindani, Masasi au Nachingwea. Leo tunazungumzia jina la dada yangu huyu ninayeketi naye hapa Mtwara mjini, kwa sababu ukiita "Somoe" katika soko lolote la Mtwara au Lindi, hukosi mtu wa kugeuka.

SOMOE: Ni kweli, kaka Hamisi. Jina hili limetokana na neno somo. Somo ni mtu mnayelingana jina, na somo vilevile ni mwanamke anayemfunda mwari unyagoni. Kabla sijajua hata kuhesabu, jina lilikwisha kuniweka mahali pa mtu anayeaminiwa siri.

HAMISI: Ulilirithi kwa nani?

SOMOE: Kwa bibi mzaa baba, na hapo ndipo kazi ilipoanzia. Baba aliniita "mama" siku zote, kwa kuwa hakuweza kulitaja jina la mzazi wake kwa sauti ya kukaripia. Kaka zangu walipochelewa kurudi kuokota korosho walikemewa, lakini nilipokosea mimi alinyamaza kwanza, kisha akasema kwa upole, "Mama, na wewe tena?" Kauli hiyo iliniuma kuliko fimbo. Babu naye aliniita mke wake, na ndani ya utani huo mlikuwa na madai ya kweli: chakula chake alitaka kipakuliwe na mimi, ingawa nilikuwa na dada wakubwa wawili. Marehemu bibi alisifiwa kwa ukarimu, kwa hiyo siku niliyomnyima mwenzangu kipande cha muhogo, shangazi aliuliza kama kweli mimi ndiye Somoe.

HAMISI: Langu ni la siku tu, kwani nilizaliwa Alhamisi, neno ambalo kwa Kiarabu ni siku ya tano ukianza kuhesabu Jumapili. Siku haina tabia ambayo mtoto atalaumiwa kwa kutoifuata. Wazee wetu, Wayao na Wamakonde, walimpa kijana jina jipya atokapo jandoni, na kumwita tena kwa jina la utotoni lilikuwa kosa. Wewe hukutamani kuliacha lako?

SOMOE: Hapana, ninalipenda mno. Kaka yangu alipopata binti na kuniomba ampe jina langu, nilikubali kwa sharti moja: akikosea, akaripiwe kwa jina hilohilo, kama mtoto mwingine yeyote.

HAMISI: Ameweza?

SOMOE: Juzi mtoto alimwaga unga wote sakafuni. Nilimsikia kaka akianza, "So...", akanyamaza, halafu akasema, "Bibi, njoo tuzoe."