Gottfried Huppertz: Noti Zilizoikumbuka Filamu

Ndugu zangu, asanteni kwa kufika. Wengi wenu mmewahi kuiona picha ya yule mwanamke wa chuma wa filamu ya Metropolis, na jina la mwongozaji wake, Fritz Lang, si geni kwenu. Mtunzi wa muziki wake ndiye asiyetajwa, na jioni hii nimekuja kumtaja.

Gottfried Huppertz alizaliwa Cologne, Ujerumani, mwaka 1887. Alikuwa mwimbaji na mwigizaji, na rafiki yake Rudolf Klein-Rogge, naye mwigizaji, ndiye aliyemfikisha kwa Lang. Mwaka 1924 akatunga muziki wa Die Nibelungen, filamu nyingine ya Lang. Kisha ikaja Metropolis, iliyozinduliwa Berlin tarehe 10 Januari 1927. Enzi hizo filamu zilikuwa bubu, kwa hiyo okestra ilikaa ukumbini ikipiga huku picha zikienda.

Sikilizeni alivyofanya. Wafanyakazi wanapoasi, tunasikia vipande vya Marseillaise, wimbo wa mapinduzi ya Ufaransa. Mauti yanapojitokeza, inaingia Dies irae, wimbo wa kale wa misa ya wafu ya Kikatoliki. Mtazamaji wa Ulaya wa siku zile hakuhitaji kuelezwa. Nyimbo hizo alikua nazo.

Filamu haikurudisha gharama. Wenye kuisambaza wakaichukulia mkasi, karibu robo nzima ikaondolewa, na kwa miaka mingi watu wakaamini vipande vile vimepotea moja kwa moja.

Noti za muziki zilibaki. Na hapa naomba mnivumilie kidogo, kwa sababu ndipo penye utamu. Katika nakala ya piano ya Huppertz, pamoja na noti, kuna maneno mafupi mafupi yanayosema nini kinaonekana kwenye skrini wakati huo. Alama hizo ni 1,028. Ziliwekwa ili muziki uende sambamba na picha, basi. Lakini mwaka 2008, ilipopatikana Buenos Aires nakala ndefu ya filamu, ya milimita 16, iliyochubuka hadi ikawa kama mvua inanyesha juu ya kila sura, mafundi walizifuata alama hizo kujua kipande kipi kikae wapi na kidumu kwa muda gani. Karatasi za mpiga muziki zikawa ramani ya filamu.

Huppertz mwenyewe alifariki Berlin mwaka 1937, hajafikisha miaka 50. Tarehe 12 Februari 2010, katika mji huohuo, okestra iliupiga tena muziki wake mbele ya filamu iliyorudishiwa viungo vyake.

Kuna sehemu chache ambazo hadi leo hazina picha. Mojawapo ni pale Fredersen, mtawala wa mji wa Metropolis, anapopigana na Rotwang, mvumbuzi aliyemtengeneza yule mwanamke wa chuma. Mkifika hapo, skrini itawaonyesha maandishi tu. Msiangalie pembeni. Okestra haisimami, na ugomvi ule mtausikia.