Dada, Mwanao Hanyanyaswi: Mikwaju ya Futiboli ya Kimarekani

Habari zenu ndugu zangu wa nyumbani. Wakubwa zangu wote shikamooni. Bibi, najua wamekuwekea simu hapo karibu na mkeka, shikamoo bibi.

Leo sipo sebuleni, nipo kiwanjani. Hapa ni Indianapolis, jimbo la Indiana, Jumapili asubuhi, hakuna mtu, na baridi nadhani mnaisikia kwenye sauti yangu. Ijumaa usiku niliwarushia kipande cha mpwa wangu akicheza futiboli ya Kimarekani na timu ya shule yao. Simu yangu haijapoa tangu siku ile. Swali lililoniuma zaidi limetoka kwa mama yake mzazi, dada yangu aliyeko Tanga. Kaniandikia hivi: "Mdogo wangu, mbona mwanangu wanamwingiza, anapiga mpira mara moja, wanamtoa? Anakaa benchi, wanamwita, anapiga tena, wanamtoa tena. Wanamnyanyasa?"

Dada, video hii ni yako. Mwanao hanyanyaswi. Ile ndiyo kazi yake, na timu nzima wala haina mtu mwingine wa kuifanya. Lakini ili unielewe inabidi nikutembeze kiwanjani, kwa hiyo ngoja nigeuze kamera.

Unaona hii mistari? Kila baada ya yadi tano kuna mstari, na kila yadi kumi wameandika namba. Yadi ni pungufu kidogo ya mita. Kutoka mstari wa goli huu mpaka ule kule mwisho ni yadi 100, na nyuma ya kila mstari wa goli kuna eneo la yadi kumi. Ukiingia humo na mpira mkononi umefunga tachidauni, pointi sita. Uichukulie kama shamba, dada. Timu yenye mpira inagombea ardhi. Inapewa nafasi nne, wao wanaziita dauni, kusogea angalau yadi kumi. Ukizipata hizo kumi, unapewa nyingine nne. Usipozipata, mpira anachukua mwenzako palepale ulipokwamia. Mtangazaji akisema "dauni ya tatu, bado saba", maana yake nafasi mbili zimekwisha kwenda, hii ni ya tatu, na zimebaki yadi saba.

Sasa fikiria dauni ya nne. Umebakiwa na nafasi moja na umekwama. Kocha anaweza kujaribu kwa nguvu, lakini akishindwa mpinzani anapewa mpira hapohapo. Ukiwa karibu na goli lako mwenyewe, hiyo ni sawa na kumkabidhi mtu ufunguo wa nyumba. Hapo ndipo wanapoita mguu. Mchezo unaitwa futiboli na muda mwingi humwoni mtu akigusa mpira kwa mguu, lakini pale mikono inaposhindwa, mguu ndio unaoamua ardhi inakwenda kwa nani. Watu wa mguu wana kikosi chao kabisa, kikosi maalumu, kinaingia kwa mkwaju mmoja na kutoka. Mwanao yumo humo.

Mkwaju wa kwanza wa kuujua ni panti. Sisi tuna neno letu zuri tu: kubutua. Beki wetu akibanwa anabutua, mpira uende mbali, tupumue. Panti ni hiyohiyo, ila imefanywa sanaa. Mpigaji anasimama nyuma kabisa, anarushiwa mpira, anauachia kutoka mkononi na kuupiga kabla haujagusa chini. Umbali peke yake hautoshi. Mpira ukienda mbali lakini chini chini, mpinzani anaudaka wenzako hawajafika na anakuja nao mbio. Kwa hiyo wanahesabu sekunde za hewani. Panti nzuri ya wakubwa inakaa juu sekunde nne na nusu, hata tano, na mpira unapotua wenzake mpigaji wameshafika, wamemzunguka mdakaji.

Na mdakaji naye ana silaha yake. Akiona wamemjia, anainua mkono juu ya kichwa na kuupunga kabla mpira haujafika. Hiyo inaitwa fea kechi, kudaka kwa amani: hakuna ruhusa ya kumgusa, na yeye hana ruhusa ya kukimbia. Watu wengi wa nyumbani wanadhani anamsalimia mtu jukwaani. Lakini akiugusa mpira ukamponyoka, hapo ulinzi umekwisha, mpira ni wa atakayeuwahi. Nimeona mechi zikigeuka kwa kosa hilo.

Panti ikiingia mpaka kwenye lile eneo la nyuma ya mstari, inaitwa tachibeki, na mpinzani anaanzia yadi ya 20, yaani yadi 20 kutoka mstari wa goli lake. Mpigaji hodari hataki hivyo. Anataka mpira utoke nje pembeni, hatua chache kabla ya mstari wa goli, mpinzani aanze mchezo amebanwa ukutani. Kile kipembe Wamarekani wamekiita kona ya jeneza. Jina zito, lakini ukiona timu inavyohangaika kutoka pale utaelewa. Siku hizi vyuo vya huku vimejaa wapigaji wa panti kutoka Australia, kwa sababu kwao wana futiboli yao ambayo mtoto anakua akipiga mpira kutoka mkononi.

Panti mwanao hapigi, anapiga mwenzake. Yeye kazi yake kubwa ni hii hapa. Ngoja nisogee golini.

Hili goli lina nguzo mbili ndefu na mtambaa panya mmoja. Huu mtambaa panya uko futi kumi kutoka chini, mita tatu na kidogo. Wetu wa soka uko futi nane. Huku chini yake si goli, goli ni juu. Nyumbani makocha walimfokea huyu mtoto miaka yote: tuliza mguu, shusha mpira. Alipokuja hapa ikabidi ajifunze kinyume. Mpira unaotufanya sisi jukwaani tushike vichwa, ule unaopaa juu ya mwamba, huku ndio wa pointi tatu. Ukipigwa baada ya tachidauni, unaongeza pointi moja. Na upana wake kwa wachezaji wa kulipwa ni futi 18 na nusu, wakati goli letu la soka ni futi 24. Ni mlango mwembamba, jamani.

Hizo pointi tatu wanaziita fildi goli, na hazipigwi na mtu mmoja. Mmoja anainama na kuurusha mpira nyuma kupitia katikati ya miguu yake, kama yadi saba na nusu. Wa pili amepiga goti, anaudaka, anausimamisha chini kwa ncha ya kidole na kuugeuza ili nyuzi za mshono zitazame golini, zisikutane na mguu. Wa tatu ndiye mpigaji. Vyote hivyo vinaisha ndani ya sekunde moja na robo, moja na nusu hivi, huku watu wakubwa wanaruka kuuzuia. Wa kwanza akirusha vibaya, atakayelaumiwa na jukwaa ni mpigaji. Mimi nimeanza kumwangalia yule wa goti kwa heshima kubwa.

Kitu kimoja kitawasaidia mkiangalia: mtangazaji akisema "jaribio la yadi 45", mpira haukuwa yadi ya 45. Ulikuwa yadi ya 28 hivi. Wanaongeza yadi kumi za lile eneo la nyuma, kwa sababu nguzo ziko mwisho wake, halafu wanaongeza zile saba au nane za kurusha nyuma. Ukijua hesabu hiyo, unaweza kujua kabla ya kocha kwamba wamefika umbali wa mpigaji wao.

Sasa nije kwenye jambo ninalolipenda kuliko yote. Zamani Wamarekani walikuwa wanapiga mpira huu kwa ncha ya kiatu, wanakuja moja kwa moja mbele kama mtu anayepiga mlango. Mwaka 1964 timu ya Buffalo Bills ikamchukua kijana anaitwa Pete Gogolak, mzaliwa wa Hungaria, ambaye familia yake ilikimbia nchi baada ya machafuko ya 1956. Yeye alikulia kwenye soka. Akaujia mpira kwa upande, kwa mshazari, akaupiga kwa juu ya mguu, kama tunavyopiga sisi mpira wa adhabu. Akawa wa kwanza kufanya hivyo kwenye ligi ya kulipwa. Wakafuata wengine, kama Jan Stenerud wa Norwei, aliyekuja Marekani kusoma kwa ufadhili wa mchezo wa kuruka kwenye theluji, akaishia kuingizwa kwenye jumba la heshima la mchezo huu mwaka 1991. Leo ule upigaji wa ncha ya kiatu umetoweka. Mtoto wa mkimbizi ndiye aliyewafundisha Wamarekani kupiga mpira wao. Mwanao alipofika shuleni na kocha akamwona akipiga penalti kwenye mazoezi ya soka, hakuitwa kwa huruma. Aliitwa kwa sababu mguu wake tayari unajua kitu ambacho wenzake wanalipia kujifunza.

Upigaji wa zamani nao ulikuwa na mashujaa wake, nisiwadhulumu. Tom Dempsey alizaliwa bila vidole kwenye mguu wa kulia. Tarehe 8 Novemba 1970, kwa kiatu chake maalumu, aliipigia New Orleans Saints goli la yadi 63, mechi ikaishia hapo, 19 kwa 17 dhidi ya Detroit Lions. Hakuna aliyepita umbali ule kwenye NFL, ligi kuu ya kulipwa ya mchezo huu, mpaka mwaka 2013. Mwaka 2021 Justin Tucker alipiga 66, ukagonga mtambaa panya na kuangukia ng'ambo, na mwaka 2025 Cam Little akafika 68.

Dada, najua uliona mwanao akikosa ule mkwaju wa robo ya tatu ya mechi. Uliniandikia tu "pole" na sikukujibu. Nataka nikuambie habari ya Scott Norwood. Fainali ya NFL, wao wanaiita Super Bowl, ya Januari 1991, Buffalo wako nyuma 20 kwa 19, sekunde nane zimebaki, yadi 47. Mpira ukapita kulia ya nguzo. Kesho yake maelfu ya watu wa Buffalo walikusanyika mjini kuipokea timu iliyoshindwa, wakaanza kuita jina lake, jina la yeye aliyekosa, mpaka akaja mbele kuzungumza. Nilimsimulia mwanao habari hiyo ndani ya gari tukirudi nyumbani. Hakusema kitu. Jana asubuhi nimemkuta ameshatoka na mipira yake.

Umeniuliza pia kama hawatamvunja mguu. Mpigaji analindwa: ukimvamia akiwa ameinua mguu, timu yako inatozwa yadi 15 na wao wanapewa dauni nne upya. Ila sitakudanganya, kuna mkwaju mmoja ambao halindwi hivyo baada ya kuupiga. Ni kikofu, ule wa kuanzisha mchezo na wa kurudisha mpira baada ya kufunga. Hapo timu nzima inakimbia, na mpinzani akiwapita wote, wa mwisho kumzuia ni mwanao. Kwa miaka mingi hapo ndipo watu waliumia vibaya, kwa sababu walikuwa wanagongana wametoka mbali kwa kasi yote. Mwaka 2024 NFL ikabadilisha: mpigaji anabaki yadi ya 35 yake, wenzake kumi wanapangwa mbele upande wa wapinzani, na hawaruhusiwi kutembea mpaka mpira udakwe au utue. Shuleni bado wanacheza kwa mtindo wa zamani. Hilo linanipa wasiwasi na mimi, na nimemwambia kocha.

Na kikofu kina mbinu moja ya ujasiri. Timu iko nyuma, muda unayoyoma, inahitaji mpira. Badala ya kupiga mbali wanapiga mkwaju mfupi wa kudunda. Mpira ukishakwenda yadi kumi, yeyote anaruhusiwa kuuchukua. Mwaka 2010, New Orleans Saints walianza kipindi cha pili cha fainali kwa mbinu hiyo, wakati hakuna aliyeitegemea, wakaupata mpira na kuishia na kombe. Waliofanyiwa ni Colts, timu ya mji huu ninaokaa, na mpaka leo nikilitaja kazini kuna mzee mmoja anaondoka mezani. Kwenye NFL siku hizi haiwezekani tena kushtukiza hivyo, lazima umwambie mwamuzi kabla.

Colts hawa hawa ndio walimsajili Daniel Adongo mwaka 2013, Mkenya, mcheza raga ambaye hakuwahi kucheza mchezo huu. Aliposhuka uwanjani, ilikuwa kwenye kikosi maalumu, kikosi cha mikwaju, kilekile cha mwanao.

Basi, Ijumaa wana mechi tena. Inaanza saa moja jioni ya huku, kwenu itakuwa saa nane usiku wa kuamkia Jumamosi, nitaweka simu kwenye stendi niirushe moja kwa moja. Bibi alale, nitamrekodia. Dada, ukikaa macho, mtafute aliyesimama peke yake pembeni, anapiga mpira kwenye wavu mdogo, tena na tena, haongei na mtu. Anasubiri dauni ya nne.