Anga Nyeusi ya Gabriel Figueroa

Mabibi na mabwana, ukitazama filamu za Mexico za miaka ya 1940, mara nyingi anga inakuvuta kabla ya mwigizaji: imekolea karibu nyeusi, mawingu yamesimama meupe. Kazi hiyo ni ya mpiga picha wa sinema Gabriel Figueroa. Alianza na picha mnato, 1935 akaenda Hollywood kujifunza kwa mpiga picha wa sinema Gregg Toland, na mwaka uliofuata akapiga filamu ya *Allá en el Rancho Grande*. *María Candelaria* na filamu nyingine nyingi alizipiga pamoja na mwongozaji Emilio Fernández. Leo nataka tuitazame anga yenyewe, kwa sababu wengi huinunulia filta, yaani kioo cha rangi cha kuweka mbele ya lenzi, wakadhani wamemaliza.

Kwenye filamu ya nyeusi na nyeupe, filta nyekundu huzuia mwanga wa bluu. Anga hukosa mwanga, ikatoka nyeusi. Wingu lina rangi zote, nyekundu yake hupenya, likabaki jeupe. Kwa hiyo lazima anga iwe ya bluu kweli. Kukiwa na utando wa mawingu, filta inakula mwanga bure. Jiji la Mexico liko mita 2,240 juu ya usawa wa bahari, na kimo hicho huikoleza bluu. Hata hapo, jua liwe ubavuni mwako: bluu hukolea nyuzi 90 kutoka kwenye jua, na huchujuka kadiri unavyoshuka kwenye upeo wa macho.

Sasa hesabu. Filta nyekundu iliyokolea hupunguza mwanga mara nane, hatua tatu za lenzi. Palipokuwa f/11, yaani tundu dogo la lenzi, utafungua hadi f/4, tundu kubwa zaidi. Ukifungua hivyo, mlima wa nyuma unaanza kufifia, ilhali mtindo wa Toland unataka mbele na nyuma vionekane wazi. Ndiyo maana unahitaji lenzi pana, tuseme milimita 25, na mwigizaji asiisogelee mno.

Usoni ndipo kazi inapoharibika. Rangi nyekundu ya mdomo hutoka nyeupe, kwa hiyo mpake ya kahawia. Kivuli cha nje nacho huangazwa na anga ya bluu. Filta ikiizuia hiyo bluu, macho chini ya sombrero, kofia pana ya Mexico, yanageuka mashimo. Rudisha jua kwa ubao uliobandikwa karatasi ya fedha. Usiulaze chini kabisa, mwanga utapanda kidevuni na kumtisha mtazamaji. Figueroa alitumia pia filta za infraredi, mwanga usioonekana kwa macho: hizo huyafanya majani yatoke meupe, na fokasi huhama, kwa hiyo lenzi irekebishwe upya.

Lakini ukubwa wa Figueroa mimi nauona zaidi katika kazi yake na mwongozaji Luis Buñuel. Wakipiga *Nazarín*, filamu ya padri maskini, Figueroa aliandaa fremu yenye volkano ya Popocatépetl na mawingu yake. Buñuel akaigeuza kamera ikatazama mandhari ya kawaida tu. Mwenye anga maarufu kuliko wote alikubali kuiacha, maana hadithi ya padri yule haikuihitaji. Waliendelea kufanya kazi pamoja hadi *Simón del desierto*, 1965.