Mayai laini na mkate wa kuchoma kwa watoto, kabla basi la shule halijafika

Hamjambo watazamaji, karibuni jikoni. Leo tunapika kifungua kinywa cha watoto wawili: mayai ya kuvuruga na slesi za mkate tulizozichoma juu ya kikaango. Huhitaji tosta wala oveni. Jiko moja linatosha, liwe la gesi au la mkaa, na ukishazoea utamaliza ndani ya dakika 15. Mlo huu nimeuchagua kwa ajili ya zile nyumba ambazo saa 12 asubuhi mtoto ameshavaa sare na anatoka na chai ya rangi tupu tumboni, kisha anakaa darasani mpaka mapumziko ya saa 4. Ni muda mrefu mno kwa mtoto wa darasa la kwanza.

Kabla ya kuwasha moto, kuna jambo moja nataka ulishike, maana kila nitakachofanya leo kinatoka hapo. Watoto wengi wanaosema hawapendi mayai, wanachokataa ni shombo na ule ukavu unaosumbua kooni. Na vyote viwili, mara nyingi, vinaletwa na moto mkali. Ute wa yai ukipata joto kupita kiasi unakaza na kukamuka maji, na salfa iliyomo inaanza kutoa harufu. Unaijua harufu hiyo: ndiyo unayoisikia ukimenya yai lililochemshwa kupita kiasi, lile lenye duara la kijani kuzunguka kiini. Kwa hiyo leo moto wetu ni mdogo tangu mwanzo hadi mwisho.

Haya, angalia mezani. Mayai 3, slesi 4 za mkate, maziwa vijiko 2 vya chakula, siagi kijiko 1 cha chai pamoja na kidogo ya kupaka, karoti nusu iliyokwanguliwa, nyanya 1, kipande cha kitunguu maji, na chumvi ya kushika kwa ncha za vidole viwili. Karoti na kitunguu unaweza kuandaa usiku, ukafunika na kuweka sehemu yenye ubaridi. Mayai usiyavunje usiku. Yai likishatoka kwenye ganda halina kinga tena, na kwa joto la Dar es Salaam au Mombasa si kitu cha kuachwa kwenye bakuli hadi asubuhi.

Tunaanza kwa kuyakagua. Chukua bakuli la maji baridi, tumbukiza yai. Hili limelala chini, unaona? Ni jipya. Likisimama wima limekaa siku kadhaa lakini bado linaliwa. Likielea, liache. Ganda la yai lina vitundu vidogo sana visivyoonekana kwa macho. Kila siku maji kidogo yanatoka na hewa inaingia, basi kile chumba cha hewa upande wa butu kinazidi kukua mpaka yai linakuwa jepesi. Yai uliloloanisha lipike sasa hivi, usilirudishe kwenye trei. Na yenye ufa usiyachukue dukani hata ukipunguziwa bei.

Najua kuna anayejiuliza kuhusu ya kienyeji na ya kisasa. Nitasema wazi: mtoto hatapungukiwa kwa kula ya kisasa. Rangi ya ganda inatokana na aina ya kuku. Rangi ya kiini inatokana na alichokula, kama amepata majani mabichi na mahindi ya njano kiini kitakolea. Protini ni karibu ile ile, gramu 6 hivi kwa yai moja kubwa. Kama pesa uliyonayo inanunua yai moja la kienyeji au mawili ya kisasa, na watoto ni wawili, nunua mawili.

Sasa mkate. Washa jiko, weka kikaango kikavu, bila mafuta. Kiache kipate joto kama dakika moja, moto wa wastani kuelekea mdogo. Panga slesi mbili mbili. Bonyeza taratibu kwa mwiko bapa ili mkate wote uguse chuma, maana pasipogusa hapaivi. Dakika 2 upande wa kwanza. Geuza. Upande wa pili unakwenda haraka zaidi kwa sababu kikaango kimeshashika joto, kwa hiyo usiondoke. Tunatafuta rangi ya dhahabu, ndiyo hii hapa. Ikishakuwa nyeusi imeungua, na mkate ulioungua usimpe mtoto kila asubuhi ukijiambia utakwangua. Unayepikia mkaa, subiri makaa yafunikwe na majivu meupe kidogo ndipo uweke kikaango. Makaa mekundu yanachoma juu huku ndani mkate bado ni baridi.

Nikitoa slesi siziweki moja juu ya nyingine. Naziegemeza hivi, ubavu kwa ubavu, pembeni mwa sahani. Mkate wa moto unatoa mvuke, na ukiulundika mvuke unarudi ndani, unalainika tena, kazi yote inapotea. Siagi nitapaka mwishoni, safu nyembamba. Mkate wa jana au juzi, ulioanza kukauka kidogo, ndio unaochomeka vizuri kuliko wa leo. Na boflo inafaa sana, ikate vipande vya unene wa kidole.

Hapa ndipo pa kumwita mtoto, kama ameshavaa na ana dakika mbili. Anawe mikono kwa sabuni kwanza, halafu mpe yai avunje. Mwoneshe: gonga mara moja kwenye meza, sehemu iliyo bapa, usigonge kwenye ukingo wa bakuli kwa sababu ukingo unasukuma vipande vya ganda ndani. Vidole gumba viwili kwenye ufa, fungua. Kila yai livunjwe kwenye kikombe kidogo kwanza, ulinuse, ndipo ulimimine kwenye bakuli kubwa. Lile bovu likiingia juu ya mawili mazima umepoteza yote matatu. Kipande cha ganda kikidondoka, kichote kwa nusu ya ganda lenyewe. Kidole kitakifukuza bakuli zima. Akimaliza anawe tena, na hii ya pili ni muhimu kuliko ile ya kwanza.

Mimina maziwa vijiko 2, tia chumvi, piga kwa uma. Piga mpaka usione mistari ya ute unaoteleza. Mtoto anayechagua chakula ataukuta ule mweupe peke yake na atausukuma pembeni ya sahani, basi changanya vizuri, nusu dakika nzima.

Rudisha kikaango, siagi kijiko 1 cha chai. Kitunguu na karoti, dakika 2, mpaka vilainike. Nyanya nimetoa mbegu na majimaji, nimebakiza nyama yake tu, kwa sababu maji ya nyanya ndiyo yanayofanya mayai yaogelee. Koroga mpaka kikaango kikauke. Sasa punguza moto. Punguza tena. Kwenye mkaa, toa makaa mawili matatu au kinyanyue kikaango kidogo.

Mimina mayai, na usiguse. Sekunde 20 hivi. Angalia pembeni, panaanza kushika. Sasa chukua mwiko, sukuma kutoka ukingoni kwenda katikati, taratibu, yale mabichi yatiririke kuchukua nafasi. Zunguka kikaango chote, tulia kidogo, sukuma tena. Sikorogi kama uji. Ukikoroga haraka unapata chembe ndogo ndogo kavu. Ukisukuma taratibu unapata mabonge makubwa laini. Unasikia? Hakuna sauti ya kuchachatika. Ukiisikia, moto ni mkali, kinyanyue kikaango.

Tulia nami hapa, maana hapa ndipo watu wanapokosea kwa pande mbili. Yai la mtoto lazima liive lote. Bakteria wa salmonela wanaweza kuwa ndani ya yai lenyewe hata ganda likiwa safi, na mtoto mdogo akiharisha anapoteza maji mwilini haraka kuliko mtu mzima. Kwa hiyo hakuna kuacha ute unaotiririka, na lile jicho la ng'ombe lenye kiini kibichi mwachie mkubwa anayelipenda. Lakini kuiva si kukauka. Tazama kwa karibu: hakuna kimiminika tena, juu bado pana mng'ao wa unyevu, ukibonyeza kwa mwiko hakitoki kitu. Zima moto sasa hivi na uhamishie kwenye sahani. Ukiyaacha kwenye kikaango yataendelea kuiva yenyewe, na ndani ya dakika moja utakuwa na yale makavu uliyokuwa ukiyakimbia.

Kuandaa. Huyu wa shule, mpakie siagi, mpe mayai juu ya slesi moja na afunike kwa nyingine, ashike kwa mikono miwili. Mdogo wa miaka miwili au mitatu, mkatie mkate vijiti vya upana wa kidole chako na umwekee mayai pembeni. Mkate wa kuchoma una kingo ngumu, basi za huyu zikate uzitoe, na akae chini anapokula, asitembee nao mdomoni. Mwenye mtoto wa chini ya mwaka mmoja ambaye ameshaanza vyakula, mtolee fungu lake kabla hujatia chumvi, na usimpake asali kwenye mkate hata kidogo. Asali inaweza kubeba vijidudu vinavyosababisha botulizimu, ugonjwa hatari wa sumu unaolegeza misuli, kwa mtoto wa umri huo. Anayeonja yai kwa mara ya kwanza, mpe kidogo na umwangalie. Ukiona vipele, midomo inavimba au anatapika, acha kumpa na umwone daktari. Akipumua kwa shida, ni hospitali saa hiyo hiyo.

Weka na tunda. Chungwa, papai au embe kama ni msimu wake. Yai lina mengi mazuri lakini vitamini C halina, na vitamini C husaidia mwili kuchukua madini ya chuma yaliyomo kwenye yai na mkate. Chai ya rangi inafanya kinyume chake, inayazuia. Mimi watoto nawapa maji au maziwa yaliyochemshwa pamoja na mlo huu, na chai, kama wanaipenda, inasubiri wakirudi.

Swali moja nalitegemea: je, naweza kumfungia akale shuleni? Haya ya kuvuruga, hapana. Yakikaa kwenye mkebe ndani ya begi tangu saa 12 mpaka saa 4, kwenye joto letu, ni muda mrefu mno. Saa mbili nje ya friji ndio mwisho, na siku za joto kali hata pungufu. Kwenye begi weka ndizi, mhogo wa kuchemsha au chapati kavu. Mayai yaliwe hapa hapa mezani, ya moto. Kama asubuhi hazitoshi dakika 15, chemsha yai dakika 10 tangu maji yaanze kuchemka wakati mtoto anaoga, litumbukize kwenye maji baridi ili lisiendelee kuiva, limenye, likate vipande juu ya slesi iliyochomwa. Hapo umetumia dakika chache tu za kusimama jikoni.

La mwisho ni kikaango. Usikimbilie maji ya moto, kwa sababu yanayapika mabaki ya yai na kuyagandisha palepale. Kikishapoa, mimina maji baridi, kiache dakika tano huku unamfunga mtoto kamba za viatu, kisha sugua kwa sabuni. Bakuli, uma na sehemu ya meza mlipovunjia mayai, vioshe kwa sabuni pia kabla hujaanza kukata mboga za mchana.