Dubu anakula nini humo shimoni? Hali kitu

Haya jamani, karibuni. Kwenye maoni swali ni lile lile: "Dubu wa huko Alaska akijifungia shimoni winta nzima, anakula nini?" Hali kitu. Hanywi, haendi haja. Na kabla hujaandika kwamba najidai naishi kwenye theluji, tulia. Hapa kuna cha kujidai? Pipa la taka lenye komeo la kuzuia dubu nalilipia ziada kila mwezi.

Akiba ya huyu dubu wa kahawia ni mafuta ya mwilini. Mto Brooks, kule hifadhi ya Katmai, samaki aina ya samoni wanapanda mto kwenda kutaga kuanzia mwisho wa Juni. Septemba dubu wanarudi kuokota wale waliochoka baada ya kutaga. Samoni mwekundu mmoja ana kama kalori 4,500. Samaki wakiwa tele, dubu hagusi minofu: anachuna ngozi, anapasua kichwa ale ubongo, anakomba mayai, mabaki anawaachia shakwe. Msimwite mharibifu, tumbo lina kiasi chake, na mafuta yamo kwenye ngozi, ubongo na mayai. Dume kubwa hupita kilo 450, na akitoka huko shimoni theluthi nzima ya uzito inaweza kuwa imeyeyuka.

Jike ndiye mwenye mtihani. Anapandwa kati ya Mei na Julai, lakini mimba haijishikizi kwenye mfuko wa uzazi mpaka Novemba hivi. Mafuta yakipungua, hakuna mtoto. Yakitosha, anazaa Januari au Februari humo humo, kitoto cha nusu kilo hivi. Ndiyo maana majike wenye mimba hutangulia kuingia, madume huja mwisho.

Shimo huchimbwa kwenye mteremko unaoshika theluji, maana theluji ndiyo blanketi. Mlango mwembamba, apenye yeye tu. Ndani anatandika nyasi na matawi. Barafu ikiyeyuka dari huporomoka, kwa hiyo mwaka ujao mara nyingi anachimba upya.

Sasa makaratasi. Ukimuua dubu kwa kujihami, sheria ya Alaska inakutaka umchune, ukabidhi serikalini ngozi na kucha zake pamoja na fuvu, ujaze fomu ndani ya siku 15. Na kama ni taka zako zilizomleta, kujitetea huko hakukubaliki. Dubu aliyezoea mapipa huchelewa kulala, kwa hiyo msiniambie Oktoba hatari imeisha.

Nasema ya Alaska tu. Wa Minnesota, dubu wenu ni weusi, hata chini ya mti ulioanguka wanalala. Sheria ulizieni kwenu. Mimi pipa nalitoa asubuhi ya gari la taka, si usiku wa kuamkia, na chakula cha ndege hakining'inii nje Aprili hadi Oktoba.