Filamu ya Njama na Komeo la Meli: Mhadhara Uliotolewa Kigoma

Mheshimiwa Mwenyekiti, wazee wetu wa Ujiji, manahodha mliotoka Kibirizi, na vijana wetu mnaojifunza kutengeneza filamu, nawashukuru kwa kunialika.

Nimeombwa nizungumzie filamu za njama zinazotokana na ajali za meli, nami nimechagua moja tu: Baltic Storm ya mwaka 2003, iliyoongozwa na Reuben Leder na kuigizwa na Greta Scacchi, Jürgen Prochnow na Donald Sutherland. Inahusu kuzama kwa meli ya Estonia katika Bahari ya Baltiki, usiku wa kuamkia tarehe 28 Septemba 1994, ilipokuwa ikitoka Tallinn kwenda Stockholm. Walikuwamo watu 989, na 852 wakapoteza maisha. Msidhani kwamba ni habari ya mbali na sisi, kwa sababu meli hiyo iliundwa katika karakana ya Meyer, mjini Papenburg, Ujerumani, karakana ileile iliyounda meli yetu ya Liemba mwaka 1913, kabla haijaletwa vipandevipande na kuungwa hapahapa Kigoma.

Katika filamu hiyo, mwandishi wa habari wa kike anafuatilia ajali hadi anaamini kwamba meli ilikuwa imebeba kwa siri vifaa vya kijeshi vya Kirusi, na kwamba wakubwa wanaujua ukweli na wanaufukia. Ni hadithi inayomshika mtazamaji. Lakini mimi naona kwamba imewapunja marehemu, kwa kuwa imetuondoa macho mahali hasa walipouawa.

Tume ya pamoja ya Estonia, Ufini na Uswidi ilitoa taarifa yake mwaka 1997. Meli hiyo ilikuwa na kifuniko kikubwa cha chuma mbele, kinachoinuka ili magari yaingie, na nyuma yake kulikuwa na lango la kupandishia magari. Makomeo ya kifuniko hicho hayakuwa na nguvu ya kuhimili mawimbi ya usiku ule. Abiria na mabaharia walisikia chuma kikigonga. Kisha makomeo yakakatika, kifuniko kikang'oka na kulivuta lango, na maji yakaingia kwenye sitaha ya magari. Nahodha na wenzake, kutoka chumba cha usukani, hawakuweza kukiona kifuniko hicho, na taa za tahadhari hazikuwaambia kwamba kimeondoka.

Mwanamke aliyewahi kujitwika beseni pana la maji bila kulijaza anaelewa kilichofuata: maji yakihamia upande mmoja, uzito wote huyafuata. Sitaha ya magari ni pana na haina kuta za kuyagawa maji. Estonia ikalalia ubavu wa kulia, na katika muda usiofika saa moja ikawa imezama.

Hata hivyo, sitaki kuwalaumu watengenezaji wa filamu peke yao. Serikali zilikataa kuiopoa meli. Uswidi ilifikiria kuifunika kwa zege kule chini, na mwaka 1995 ukasainiwa mkataba wa kulitambua eneo hilo kama kaburi na kukataza watu kulizamia. Baadaye uchunguzi wa Uswidi yenyewe ukathibitisha kwamba mwezi uleule wa Septemba, Estonia ilikuwa imebeba vifaa vya kijeshi mara mbili, katika safari zilizotangulia ile ya mwisho. Mzazi aliyempoteza mwanawe akisikia hayo baada ya miaka kumi ya kuambiwa anyamaze, utamwambiaje asishuku? Wenye siri ndio walioipa filamu ile mbegu. Mwaka 2020 waandishi wa habari walipopiga picha za tundu kwenye ubavu wa meli, uchunguzi ukaanza upya, na taarifa ya awali ya mwaka 2023 ikaeleza kwamba matundu ya ubavuni yalitokana na meli kugonga mwamba wa sakafu ya bahari ilipozama, wala hakuna dalili ya mlipuko. Jibu hilo lingeweza kupatikana mapema zaidi, na kwa uchungu mdogo zaidi.

Nasema haya nikiikumbuka MV Bukoba, iliyozama karibu na Mwanza tarehe 21 Mei 1996 ikiwa na mamia ya watu. Waliokwama ndani walisikika wakigonga chuma. Waokoaji wakatoboa tundu ili wawatoe, hewa iliyokuwa ikiishikilia meli ikatoka, nayo ikadidimia kabisa. Miongoni mwa waliokufa maji alikuwamo Abu Ubaidah al-Banshiri, mmoja wa viongozi wa juu wa Al-Qaeda. Jambo hilo ni la kweli, na mtunzi mwenye haraka angelijengea filamu nzima. Lakini meli hiyo haikuzamishwa na siri ya mtu yule. Ilikuwa na udhaifu wa uthabiti uliojulikana, na ikapakia kupita uwezo wake. Abiria wa daraja la tatu hawakuwa hata na orodha ya majina, na ndiyo maana hadi leo hatuna hesabu ya uhakika ya ndugu zetu.

Kijana mmoja wenu aliniuliza, kabla hatujaketi, kama ni vibaya kuandika filamu ya njama kuhusu ajali hiyo. Andika, mwanangu. Al-Banshiri mpe dakika zake, kwa kuwa alikuwamo kweli. Lakini kamera yako ianzie kwenye dirisha la tiketi la daraja la tatu: umwonyeshe karani akipokea fedha bila kuandika jina, foleni ikizidi kurefuka nyuma ya dirisha, na ofisa aliyepaswa kusema kwamba meli imejaa akiwa amesimama hapohapo, akiwatazama abiria wakipanda.