Rakhshan Bani-Etemad na Mpenzi Asiyeonekana

Mabibi na mabwana, nimeombwa nizungumzie kazi ya Rakhshan Bani-Etemad, mwanamke mwongozaji wa filamu wa Iran, nami naomba nianze na mtu ambaye hatumwoni kabisa. Katika filamu yake ya mwaka 1998, Banoo-ye Ordibehesht (Bibi wa Mwezi wa Mei), mama mmoja aliyeachika analea kijana wake wa kiume huku akipendana na bwana ambaye uso wake haujitokezi hata mara moja; tunaisikia sauti yake kwenye simu na maneno ya barua zake, basi. Kanuni za sinema zilizowekwa Iran baada ya mapinduzi ya 1979 haziruhusu mwanamume na mwanamke kugusana mbele ya kamera. Badala ya kuwaketisha wapenzi hao wawili kila mmoja kivyake kama wageni wasiojuana, Bani-Etemad alimwondoa mwanamume kwenye picha, tukabaki na uso wa mwanamke anayesikiliza.

Mama huyo kwenye hadithi hutengeneza filamu za hali halisi, na hapo ndipo Bani-Etemad mwenyewe alipotokea. Alizaliwa Tehran mwaka 1954, akapitia televisheni na filamu za aina hiyo kabla ya zile za kubuni. Sitawasomea orodha ya tuzo zake. Itoshe kwamba Nargess, ya 1992, ilimfanya kuwa mwanamke wa kwanza kutunukiwa uongozaji bora katika Fajr, tamasha la filamu la Iran.

Jicho lile la filamu za hali halisi hakuliacha. Zir-e Poost-e Shahr (Chini ya Ngozi ya Jiji), ya mwaka 2001, inafunguka kwa Tuba, kibarua wa kiwanda cha nguo, akihojiwa kuhusu uchaguzi, naye anababaika. Mwishoni, nyumba ikiwa imeuzwa bila ridhaa yake, anarudi mbele ya kamera na kuwauliza wanaomrekodi filamu zao wanamwonyesha nani. Kwa maoni yangu, swali hilo mwongozaji alijiuliza yeye kwanza.

Vibali vya kutengeneza filamu ndefu vilipokuwa vigumu kupatikana, alipiga filamu fupifupi kisha akaziunganisha kuwa Ghesseh-ha, jina ambalo sikio la Mswahili halihitaji mkalimani: ni visa. Muswada wake, alioandika na Farid Mostafavi, ulituzwa katika tamasha la filamu la Venice, Italia, mwaka 2014. Humo Tuba anarudi, akiigizwa na Golab Adineh yuleyule, uso wake ukiwa na miaka zaidi ya kumi ambayo hakuna mpambaji aliyeichora.